Wosia wa Mjane wa Siyu

Utenzi wa Mwana Kupona unaanzia ubavuni pa mgonjwa. Mama anamwita binti yake asogee na wino na karatasi, ana neno la kumwambia. Mwaka ni 1858, na mama huyu si mtu wa hivi hivi. Ni mjane wa Bwana Mataka, mtawala wa Siyu katika kisiwa cha Pate, aliyemkaidi Sultan Seyyid Said wa Unguja miaka na miaka hadi mauti yalipomfika mwaka 1856. Mwana Kupona mwenyewe hakukawia sana kumfuata.

Nausoma utenzi huu Kericho, ambako hatujapata kuwa na mfalme. Wakipsigis walikuwa na kokwet, baraza la wazee wa mtaa, na walikuwa na orkoiyot, kiongozi wa kiroho ambaye watu walimheshimu na kumwogopa, lakini hakuwa na kiti cha enzi. Kwa hiyo malenga wa kike wa ikulu ni mgeni kwetu. Wosia wake ndio usio mgeni.

Wasichana ninaozungumza nao hukasirika wakiusoma. Mwanamke wa nyumba iliyopigana na Unguja anakaa kitako kumfunza bintiye namna ya kumkanda mume, kujitia manukato na kuifagia nyumba! Vita viko wapi? Hasira hiyo naielewa. Tena mimi nina yangu: Mwana Kupona anamwonya binti asichangamane na watumwa ila kwa shughuli za kazi. Mama yangu alichuma majani ya chai katika shamba la kampuni maisha yake yote ya ujana. Ningezaliwa Siyu enzi zile, sidhani ningekuwa upande wa kuusiwa.

Lakini bado naurudia. Binti huyo, Mwana Hashima, alikuwa na miaka kama 17 mama yake alipotunga. Baba alikuwa kaburini, mama njiani, na Unguja haikuwa imesahau ukaidi wa Siyu. Haikupita miaka kumi mji ule ukatiishwa na Sultan Majid. Ngome hutekwa na mali hugawanywa. Naona mama yule alichagua urithi ambao askari hawezi kuupekua, akaufunga kwa vina ili usipotee kichwani. Na hakumtungia binti yake peke yake, maana mwishoni anawaalika wanawake wote wausome. Mwanamke anayejiona mtumishi wa mume na si zaidi hana sababu ya kuwaita wasomaji.

Mwana Hashima aliishi hadi miaka ya 1930. Mtafiti Alice Werner alikutana naye, na mwaka 1934 utenzi ukachapishwa kitabuni na Werner pamoja na William Hichens. Hapo ndipo nasaba inapofanya kazi yake: mama alijua kusoma na kutunga, nyumba ilikuwa na karatasi, na binti alijulikana ni wa nani hata wageni wakaelekezwa kwake.

Huku kwetu wanawake wametunga vivyo hivyo, ila ni wachache walioulizwa jina. Mwaka 1950 mtafiti wa muziki Hugh Tracey alifika Kapkatet na mashine yake ya kunasa sauti, akawarekodi wasichana wakiimba wimbo wa Chemirocha. Jina hilo lilitokana na Jimmie Rodgers, mwimbaji wa Marekani ambaye santuri zake zilikuwa zimefika vijijini. Mwimbaji kiongozi tunamjua kuwa ni Chemutoi Ketienya, kwa kuwa Tracey aliandika. Mama zake na nyanya zake, waliomlea katika nyimbo, hakuna aliyewaandika. Nao walikuwa na mawaidha ya kumtosha Mwana Kupona.

Mawaidha hayo ungali unayasikia kwenye koito, siku familia mbili zinapokutana kupatana mahari. Senge, yaani shangazi wa bibi harusi, husimama mursik (maziwa ya mgando) ikiwa imeshazunguka, akasema na msichana mbele ya watu wote: jinsi ya kuishi na mama mkwe, nani asikopeshwe, bonasi ya majani ikiingia igawanywe vipi kabla mume hajaikumbuka. Hilo la bonasi silioni kwa Mwana Kupona, na hapo namwona senge amemzidi.

Desemba iliyopita, kwenye koito moja huko Bomet, binti mmoja alimrekodi senge kwa simu mwanzo hadi mwisho. Nikamwomba, kabla hajaituma kwenye kundi la WhatsApp la ukoo, aandike jina la msemaji.

“La Kikristo, mama, au lile la nyumbani?”

Yote mawili, nikamwambia, na la mama yake pia, kama unalijua. Hakulijua. Akaenda kumuuliza.