Tufani na Wasio na Hatia

Katika Tufani, tamthilia ya Shakespeare iliyofasiriwa kwa Kiswahili na S. S. Mushi mwaka 1969, Prospero anaamsha dhoruba baharini kwa uchawi. Anaowakusudia ni wachache: Antonio, nduguye aliyempokonya utawala wa Milan miaka 12 iliyotangulia, na Alonso, mfalme wa Naples, aliyemsaidia Antonio. Lakini merikebuni wamo pia mabaharia wasiomjua, na mzee Gonzalo, aliyempa chakula na vitabu alipofukuzwa.

Miranda, binti yake, anawahurumia na kumsihi baba atulize bahari. Baba anamhakikishia kwamba hakuna aliyedhurika. Ni kweli, hakuna aliyezama. Je, hilo latosha?

Sisi walimu twalijua swali hili. Kioo kimevunjwa, mkosaji hajulikani, darasa zima linapigishwa magoti. Tunajitetea kwamba hakuna aliyeumia. Lakini mtoto asiye na kosa amejifunza kwamba wema wake haukumkinga, na somo hilo halifutiki kengele ikilia.

Na wakosaji je? Alonso alitubu, Antonio hakutamka neno la toba. Prospero aliwasamehe wote wawili, naye astahili sifa kwa hilo. Mabaharia waliotishwa bure hakuwaomba radhi.

Nionavyo mimi, mwenye nguvu asipimwe kwa idadi ya waliopona tu, bali pia kwa hofu aliyoipanda mioyoni mwa wasiohusika.