Sabuni na Wajibu

Je, ni haki kumlaumu mtu asiyenawa mikono wakati wa maradhi? Twaliuliza swali hili tukiikumbuka Bujumbura ya mwaka 2020. Wagonjwa wa kwanza wa korona walitangazwa nchini Burundi tarehe 31 Machi. Mwezi Mei mwakilishi wa Shirika la Afya Duniani na wenzake watatu walitakiwa kuondoka, na mikutano ya uchaguzi ikafurika watu. Viongozi walisema Mungu anailinda nchi. Raia basi angejihadhari na nini?

Tarehe 30 Juni Rais mpya, Évariste Ndayishimiye, alikiita kirusi hicho adui mkubwa wa Burundi. Bei ya sabuni ya buluu, ile ile ya kufulia nguo, ikapunguzwa kwa nusu. Mwezi Julai upimaji wa bure ukaanza. Hapo ndipo penye uzito. Wajibu haumshiki mtu kwa amri tupu. Humshika akiisha kuambiwa kweli na kupewa uwezo wa kuutimiza. Mama wa Buyenzi aliyelazimika kuchagua kati ya unga na sabuni hakuwa mzembe. Bei iliposhuka, jirani zake waliweza kumdai usafi. Naye, twadhani kwa haki zaidi, aliweza kuwadai maelezo wale waliokawia kusema.