Wakati Uko Ndani Yetu au Nje Yetu?

 

Ndugu yetu mmoja, mzaliwa wa Mombasa aliyehamia Nakuru kwa biashara, ameleta mas-ala katika darasa letu, nayo si mas-ala ya mchezo. Mzee wake, baada ya kuadhiniwa Alasiri, aliiakhirisha sala kwa ajili ya wateja waliokuwa dukani; wateja walipokwisha kuondoka akainuka kwenda kutawadha, akaanguka na kuzimia. Alikaa hospitalini siku nne bila ya fahamu, mbili za mwisho wa Shaabani na mbili za mwanzo wa Ramadhani, akazinduka wakati wa dhuha. Neno lake la kwanza lilikuwa: "Alasiri imebaki?" Alipoambiwa siku nne zimepita, alikataa. Akasema, "Siku hizo kwangu hazikuwako. Nitalipaje sala za siku zisizokuwako?"

Wanawe wakakhitilafiana. Mmoja asema alipe zote, wa pili asema hana deni, na wa tatu, kijana aliyesoma, akasema mzee amenena falsafa kubwa: kwamba wakati si kitu illa fahamu ya mtu, na fahamu ikiondoka wakati nao huondoka, na kwamba fahamu iliyofunzwa ikapata nguvu yaweza kuutawala wakati, kuufupisha na hata kuuvuka.

Maneno haya ya kijana twayasikia siku hizi katika vinywa vingi, khasa vya vijana, na kwa hivyo twapenda kuyapima.

Hapana budi kukiri kuwa yana chembe ya haki. Usiku wa mwenye jino hauchi, na usiku wa harusi haukawii. Watu wa Pangoni walipoamshwa walidhani wamekaa siku moja au sehemu ya siku, ilhali walilala miaka 309. Lakini wale wanaokitaja kisa hiki kuwa ni hoja yao hukiachia njiani. Kwani baada ya hapo mmoja wao alitumwa mjini na fedha yake kununua chakula, na wafasiri wanatwambia kuwa fedha ile ndiyo iliyomfichua, kwa kuwa ilikuwa ni ya mfalme aliyekwisha pita. Wale walikuwa ni vijana walioridhiwa na Mola wao, na fahamu zao zote pamoja hazikuweza kuondoa hata siku moja katika ile miaka. Nje ya pango watu walizaliwa na wakafa.

Na tuuache mfano wa kale tushike ulio karibu. Yeyote atokaye Mombasa akaenda kufunga Ramadhani Nakuru hujifunza jambo hili kwa tumbo lake. Saa ya mkononi ni moja huku na huko, lakini jua si moja. Nakuru iko magharibi ya Mombasa kwa zaidi ya digrii tatu na nusu, na kila digrii moja ni dakika 4; basi kwa wastani jua hutua huko yapata dakika 14 baada ya Mombasa, na tofauti hiyo huzidi katikati ya mwaka na hupungua mwishoni mwake. Mwenye kufungua redio akasikia adhana ya Mombasa, akala tende yake Nakuru, amekula mchana, na kwa kauli ya wanachuoni wengi itampasa kuilipa siku ile. Hana dhambi kwa kutojua kwake. Yakini aliyokuwa nayo moyoni, hata ingekuwa kubwa namna gani, haikulitelemsha jua.

Tena huko bara liko jambo jingine ambalo sisi wa pwani hatulijui, kwani huku kwetu hakuna mlima wa kulificha jua. Nakuru imo bondeni, na upande wa magharibi milima ya Mau hulimeza jua kabla halijatua kwa hakika. Mafakihi wamekwisha tuonya: kufichwa na mlima si kutua, na mwenye shaka atazame giza likipanda mashariki, upande wa Bahati. Jicho lasema limetua, na jicho lasema uwongo. Hata serikali ya kikoloni, iliyobadilisha saa za Kenya zaidi ya mara moja, ilibadilisha mishale ya saa tu. Jua lilikwenda mwendo wake.

Kijana alileta hoja nyingine kwa kitabu cha John Mbiti, mzaliwa wa Kitui, kilichotoka mwaka 1969. Mbiti alichukua maneno mawili ya Kiswahili, Sasa na Zamani, akaeleza kwamba kwa Mwafrika wa jadi wakati ni mambo yaliyotokea na yanayotokea. Ule ujao, kwa kuwa haujawa na tukio ndani yake, karibu si wakati. Marehemu huyo, aliyefariki mwaka 2019, alikuwa mwanachuoni mkubwa, wala hakusema popote kwamba fahamu huuvuka wakati. Uchunguzi wake wa lugha ulikuwa katika Kikamba na Kikikuyu, na hayo tunawaachia wenyewe. Ama Kiswahili, alichukua maneno mawili akaacha manne: kesho, kesho kutwa, mtondo na mtondogoo. Watu wasiokuwa na wakati ujao wangezipa siku zake majina ya nini? Na mama zetu wanapomwonya mdhalimu humuuliza, "Utajibu nini kesho?" nao hawakusudii kesho ya sokoni.

Wako pia wanaosema kuwa mababu wa bara waliuvuka wakati kwa nguvu ya nafsi. Husimuliwa katika nchi ya Wanandi, magharibi ya Nakuru, kwamba mwaguzi wao Kimnyole, aliyeuawa na watu wake yapata mwaka 1890, alitabiri nyoka mwenye kutema moto na moshi kutoka baharini. Reli ilianza kujengwa Mombasa mwaka 1896 ikafika ziwani mwaka 1901, na mwanawe, Koitalel, aliyewaongoza Wanandi kuwapinga Waingereza, aliuawa mwaka 1905. Ghaibu haijui illa Mwenyezi Mungu. Lakini hata tukijaalia kuwa alijua, kujua kwake kulimzuia nyoka? Wala tusiwacheke Wanandi. Ni wangapi kwetu, na misikiti imetuzunguka, hupeleka fedha kwa mpiga ramli ili aambiwe siku ya kusafiri? Mtume mwenyewe, sala na salamu zimshukie, aliamrishwa awaambie watu kwamba lau angeijua ghaibu angejizidishia kheri.

Basi turejee kwa mzee. Lau wakati ungekuwa ni fahamu tu, asingedaiwa kitu. Lau fahamu isingekuwa na hukumu yoyote, angedaiwa vyote. Sharia haikushika hili wala lile. Aliyelala hulipa sala iliyompita ingawa kalamu haikumwandikia dhambi. Ama aliyezimia muda wote wa sala, kwa madhehebu yetu ya Shafi halazimiki kuilipa. Mahanafi humlipisha ikiwa kuzimia hakukuzidi mchana na usiku, na Mahanbali humlipisha kwa hali yoyote. Saumu ni mbali: mgonjwa ameamrishwa kutimiza hesabu katika siku nyingine, kwa hivyo zile siku mbili za Ramadhani zinamngoja.

Sala za siku nne, basi, hana deni nazo. Illa moja. Fahamu ilimtoka baada ya wakati kuingia na kupita kadiri ya kutosha kutawadha na kusali, na hiyo imekwisha mthubutukia. Ni ile Alasiri aliyoiulizia.