Tunda la Kusahau

Utenzi wa kale wa Wayunani uitwao Odyssey, unaohesabiwa kuwa ni wa Homer, unataja mmea wa ajabu. Odysseus na watu wake walikuwa baharini wakirudi kwao Ithaca baada ya vita vya Troy vya miaka 10. Dhoruba ikawasukuma siku 9; siku ya 10 wakafika nchi ya watu wanaokula tunda la lotus. Watu watatu wakatumwa kwenda kuwaangalia wenyeji. Hawakupigwa wala kufungwa. Walikaribishwa tunda tu, nalo lilikuwa tamu kama asali. Walipoonja, hawakutaka tena kurudisha habari wala kurudi nyumbani. Odysseus akalazimika kuwaburura wakilia hadi merikebuni na kuwafunga chini ya viti vya wapiga makasia.

Utenzi huohuo unasimulia dawa nyingine, iliyotoka Misri. Huko Sparta, wenyeji na wageni walikuwa wakiwalilia waliopotea kwa sababu ya vita. Helen akaitia dawa hiyo katika divai yao. Aliyeinywa hakudondosha chozi siku nzima, hata kama baba na mama yake wamekufa, hata kama mwanawe ameuawa mbele ya macho yake.

Mimea hii ni ya kubuni, lakini inatuletea swali la kweli. Kama ingeota nyuma ya nyumba zetu, je, sisi tunaomwamini Kristo tungeichuma? Tusijibu haraka. Mama aliyemzika mtoto wake mwezi uliopita halioni swali hili kuwa la vitabuni. Angetoa alicho nacho chote apate usiku mmoja tu wa kutokumbuka.

Kwanza tuseme wazi kwamba kutuliza maumivu si dhambi. Mgonjwa wa saratani anayepewa mofini hajapungukiwa imani. Anayeamka usiku kwa hofu ya mambo aliyoyaona, akaenda kwa daktari, amefanya vema. Hata Mithali 31 inamhurumia mtu anayeangamia, na kusema apewe kinywaji asahau taabu yake. Mungu hapendezwi na mateso yetu.

Lakini tunda la lotus halikutuliza maumivu tu. Wale watu watatu walipoteza pia wake zao, wazazi wao na jina la kijiji chao. Waliacha kuhesabu siku, kwa kuwa hawakuwa na jana ya kuikumbuka wala kesho ya kuingojea. Wahenga walisema, mwacha asili ni mtumwa. Hao walikuwa watumwa bila mnyororo, na hawakujua.

Hapa ndipo ugumu ulipo. Uchungu wa kufiwa na upendo wetu kwa marehemu vimeota katika shimo moja. Katika Mathayo 13 mwenye shamba anawakataza watumwa wake kuyang'oa magugu, wasije wakaing'oa na ngano pamoja nayo. Ndivyo ilivyo kwa kumbukumbu. Anayetaka kuung'oa uchungu hadi mzizi wa mwisho atabaki na shamba tupu.

Mtu atauliza: Je, Paulo hakuwaandikia Wafilipi kwamba anayasahau yaliyo nyuma? Na Yeremia 31 haisemi kwamba Mungu hataikumbuka dhambi yetu tena? Ni kweli. Lakini katika barua hiyohiyo Paulo ameandika habari za ukoo wake na jinsi alivyoliudhi Kanisa. Hakuwa amepoteza kumbukumbu. Alikataa kuitegemea wala kufungwa nayo. Naye Mungu hasahau kama mzee asahauvyo. Kutokumbuka kwake ni kutotuhesabia.

Tumtazame Yusufu. Katika Mwanzo 41 alimwita mzaliwa wake wa kwanza Manase, akisema Mungu amemsahaulisha taabu zake na nyumba ya baba yake. Lakini kila alipomwita mtoto aje kula, jina lenyewe lilimkumbusha kile alichosema amekisahau! Ndugu zake walipokuja kununua nafaka, aliwatambua, akajitenga nao, akalia. Kama Yusufu angekunywa divai ya Helen, angewauzia nafaka kama wateja wengine, nao wangeondoka. Kusingekuwa na machozi, wala kusingekuwa na msamaha. Hatuwezi kusamehe tusichokikumbuka. Mungu alikuwa ameondoa sumu katika kumbukumbu ya Yusufu, akaiacha kumbukumbu yenyewe.

Sasa twende Golgotha. Marko 15 inasema Bwana Yesu alipewa divai iliyochanganywa na manemane, naye hakuipokea. Marko haelezi sababu. Lakini tunajua alichofanya usiku uliotangulia: aliumega mkate, akawaagiza wanafunzi wake wafanye hivyo kwa kumkumbuka. Yeye aliyetupa kikombe cha ukumbusho hakukipokea kikombe cha ganzi. Alitukumbuka akiwa na akili zake zote, na yule mnyang'anyi aliyeomba akumbukwe alijibiwa palepale. Hata alipofufuka, alama za misumari hazikufutika mikononi mwake. Mauti imeshindwa, na makovu bado yanaonekana.

Leo mmea huo una majina mengi kati yetu: gongo, bangi, simu isiyowekwa chini hadi usiku wa manane. Nasi washarika tunao wa kwetu. Matanga yakiisha, hatulitaji tena jina la marehemu mbele ya mjane wake, tukidhani tunamsaidia. Tunamwambia ajikaze, asahau. Kumbe tunamkaribisha lotus, na anabaki kukumbuka peke yake.

Basi tufanye kinyume chake. Tukimtembelea mfiwa, tulitaje jina la mpendwa wake, tuulize alikuwa mtu wa namna gani, tukae naye machozi yakija. Na Jumapili tumsindikize kwenye Meza ya Bwana. Pale hatuambiwi tusahau. Tunapokea mwili na damu yake Yeye anayewakumbuka walio hai na waliolala, wala hampotezi hata mmoja.