Dawa Inapokatala, Nani Anapashwa Kujibu?

Katika kijitabu hiki tumezoea kusifu mila za wazee wetu, na ni vema. Lakini kisima kisichosafishwa, siku moja kitatoa mai ya kuua. Leo tunaomba msomaji akae nasi kwenye swali moja: mtu akipewa dawa ya kugeuza masasi kuwa mai, kisha masasi yakamuua, kosa ni la nani?

Sisi wa Annexe hatuwezi kusema jambo hili ni la mbali. Komini yetu inazunguka mji kama mshipi. Atokaye porini anapita kwetu kwanza. Gereza la Kasapa liko kwetu. Hapo ndipo Gédéon Kyungu Mutanga, aliyehukumiwa kifo kule Kipushi mwaka 2009, alitoroka Septemba 2011 pamoja na mamia ya wafungwa. Tarehe 23 Machi 2013 Bakata Katanga waliingia Lubumbashi, wengi wao na pinde, mishale na hirizi mwilini. Watu zaidi ya 30 walikufa siku ile, na wapiganaji zaidi ya 200 wakajisalimisha kwenye kambi ya MONUSCO. Tarehe 14 Februari 2021 kambi ya askari ya Kimbembe ilishambuliwa, na watu wakafa tena.

Kila mara tunasikia maneno yale yale. Mmoja anasema, "Kumbe dawa ilikatala." Mwingine anamjibu haraka: "Hapana, dawa ni ya kweli. Ni yeye alivunja miko." Pengine aligusa mwanamke, pengine alikula chakula kilichokatazwa, pengine aligeuka kutazama nyuma. Hakuna aliyeona, lakini wote wanakubali. Hivi marehemu anauawa mara mbili: kwanza na risasi, halafu na maneno. Mama yake analia mtoto, na tena anabeba haya.

Kwa nini watu wenye akili wanakubali jibu hilo? Hatudhani ni ujinga. Aliyeamini kwamba masasi ni mai, akamwona ndugu yake anaanguka, dunia yake yote imepasuka. Amebaki na njia mbili tu. Aseme kila alichofundishwa ni uongo, na wenzake wote wamekufa bure; ao aseme ndugu huyu mmoja alikosa. Njia ya pili inaumiza mtu mmoja na kuokoa dunia nzima. Ndiyo sababu inachaguliwa.

Historia inatuonyesha njia hiyo inafika wapi. Mwaka 1905, kusini mwa nchi inayoitwa leo Tanzania, watu walichoshwa na kazi ya lazima katika mashamba ya pamba ya Wadachi. Kinjikitile Ngwale wa Ngarambe akawapa maji ya dawa, na makabila yaliyokuwa hayapatani yakawa kitu kimoja. Hilo lilikuwa jambo kubwa, tusilidharau. Lakini tarehe 30 Agosti 1905 maelfu waliishambulia boma la Mahenge, na bunduki za mtombo zikawafyeka. Kinjikitile alikuwa amekwisha kunyongwa mwezi ule ule, lakini maji yake yaliendelea kugawanywa. Wadachi wakachoma vyakula, na njaa ikamaliza kazi. Wanahistoria wa Tanzania wanakadiria waliokufa kuwa kati ya 250,000 na 300,000.

Hapa kwetu, mwaka 1964, Wasimba walipigana wakilia "Mai Mulele!" Tazameni ajabu: mara ya kwanza dawa "ilifanya kazi". Askari wa serikali nao waliamini, basi wakakimbia. Albertville, yaani Kalemie ya leo, ilianguka mwezi wa Juni, na Stanleyville mwezi wa Agosti. Walipokuja watu wasioamini, mamluki na askari wa miavuli wa Ubelgiji, mambo yakageuka. Nguvu ilikuwa ndani ya vichwa vya pande mbili. Upande mmoja ulipotoka, ikabaki miili.

Wengine watatuambia: hiyo ndiyo mila yetu, musiitukane. Tunajibu kwamba tunaitetea. Katika ufalme wa Waluba kulikuwa bizila, makatazo matakatifu, na yalimfunga mfalme mwenyewe. Chama cha Mbudye, watunzaji wa lukasa na historia, kilikuwa na uwezo wa kumrudi mfalme aliyejisahau. Mwiko ulipanda juu, ukamfunga mwenye nguvu. Katika dawa ya vita mwiko umepinduliwa: unamfunga kijana wa miaka 15 mwenye upinde, na unamfungua mkubwa aliyemtuma. Dawa ikifaulu, sifa ni za mkubwa. Ikikatala, lawama ni za mtoto. Kanuni isiyoweza kamwe kumhukumu aliyeitunga, sisi hatuiiti mila. Ni mtego.

Na tusiwacheke watu wa porini. Ni mara ngapi mjini humu mgonjwa ameambiwa aache vidonge, aombewe tu, na alipokufa ikasemwa, "Imani yake ilikuwa kidogo"? Ni mtego ule ule, umevaa koti na tai.

Basi swali letu lina jibu. Anayetoa ahadi ndiye anapashwa kujibu, hata akiwa mzee, hata akiwa na mizimu nyuma yake. Wahenga walisema mganga hajigangi. Sawa, lakini kama dawa yake ni ya masasi, atangulie yeye mbele, na watoto wake mwenyewe wamfuate. Na sisi tunaobaki tuna kazi moja ndogo, inayohitaji ujasiri. Siku nyingine tukikaa kwenye kilio, na mtu akinong'ona kwamba marehemu alivunja miko, tumwulize kwa heshima, mbele ya mama wa mtoto: "Baba, ulimwona?"