TAFAKURI YA RAMADHANI, SIKU YA 17: HAWAA

Ndugu zangu, leo naanza na kosa langu mwenyewe.

Juzi baada ya Laasiri nilipita sokoni kununua tende tu. Mfukoni nilikuwa na shilingi 20,000 za kumlipa ndugu mmoja aliyenikopesha, nimpelekee jioni ile ile. Harufu ya sambusa ikanivuta. Nikachukua sambusa, kaimati, mkate wa kumimina, tikiti zima na juisi ya ukwaju. Adhana ilipolia nikala tende tatu, uji bakuli moja, nimeshiba! Mama watoto akavitazama vilivyobaki, akanitazama mimi, hakusema kitu. Yule ndugu nikampigia simu, nikamwomba avumilie.

Hii ndiyo hawaa. Neno tumelipokea kutoka Kiarabu, na ndugu yake tunalo mdomoni kila siku: hewa. Ibn Faris, mwanalugha aliyefariki mwaka 395 Hijria, alirudisha shina lake kwenye utupu na kuanguka. Ukisoma Surat An-Najm utayaona: aya ya 1 hawaa ni kitenzi, nyota inaposhuka, aya ya 3 hawaa ni matamanio, ambayo Mtume (s.a.w.) hasemi kwayo. Na Haawiya ya Surat Al-Qaari'a imetoka shina hilo hilo. (Watoto wa madrasa huniuliza kama ndiyo Mama Hawa. Hapana jamani, lile lina haa ya kooni. Tusimsingizie mama yetu.)

Sasa, je, kila kinachokujia ghafla ni hawaa? Wapo wanaosema hivyo, mimi sikubali. Mtu kamwona yatima, moyo ukamruka, akatoa alichonacho papo hapo. Utamwambia kafuata hawaa? Na hamu ya tende saa 9 alasiri si dhambi. Tende ile ile ukiila Magharibi ni sunna. Saumu haiui tamaa, inaiambia tu ingoje. Surat Al-Jaathiya, aya ya 23, inamtaja aliyeifanya hawaa yake kuwa mungu wake. Kuwa nayo tunayo sote. Shida ni ikikaa kwenye kiti cha kutoa amri.

Kinachonikosesha usingizi ni hiki: maji nilikataa kutwa nzima, na jua lile, lakini mbele ya kikaango sikumaliza dakika tano. Kwa nini? Naogopa jibu. Kwenye maji mji mzima umefunga pamoja nami, na mimi ni imamu, nitakunywaje? Lakini zile 20,000 hakuna aliyeziona isipokuwa Mola wangu.

Leo asubuhi nimempelekea ndugu yangu 12,000. Kazipokea, kaniombea dua, nikazidi kuona haya. Zilizobaki Ijumaa, inshaAllah.

Wallahu a'lam.