Hongo ya Ugogo na Hongo ya Simu

Ama baada ya kumhimidi Mwenyezi Mungu na kumsalia Mtume wake, hii ni mas'ala iliyozuka katika zama hizi, na wengi katika wazee huipita kwa kuidhani kuwa ni upuuzi wa watoto. Sura yake ni hii. Mchezo wa simu hutolewa bure, mtu akauchukua pasina kulipa hata senti moja. Kisha ndani ya mchezo huo huuziwa vitu vidogo vidogo, leo kwa shilingi 500, kesho kwa 1,000, keshokutwa kwa 2,500: nguo ya kumvika mtu wa picha, rangi ya bunduki ya picha, mchezaji mpira wa picha, au sanduku lililofungwa lisilojulikana lina nini ndani yake. Je, hii ni biashara kama biashara nyingine, au ni kula mali za watu kwa batili?

Watu wa pwani wana sababu ya kuifahamu mas'ala hii kuliko wengine, kwani babu zao waliiona mfano wake katika nchi ya Ugogo, pale ulipo mji wa Dodoma sasa. Katika karne ya 19 misafara iliyotoka Bagamoyo kwenda Unyanyembe haikuwa na budi kuikata nchi ile kavu. Mashariki yake palikuwa na nyika ya Marenga Mkali isiyo na maji, na magharibi yake Mgunda Mkali. Na baina ya nyika mbili hizo kila mtemi alikuwa na visima vyake, na kila mtemi alidai hongo yake. Wala haikuwa hongo moja kubwa ikatolewa mara moja mtu akapumzika. Ilikuwa doti chache hapa, ushanga kule, waya za shaba mbele kidogo, na kesho yake tena kwa mtemi mwingine. Burton na Speke waliopita huko mwaka 1857, na Stanley aliyepita mwaka 1871, wote waliandika malalamiko mengi juu ya Ugogo kwa sababu ya jambo hilo. Msafara ulitoka pwani na mizigo tele, ukawasili Tabora umepungua, na hapana siku moja ambayo mwenye mali angeweza kuinyoshea kidole akasema, leo ndipo nilipokhasirika.

(Neno hongo limeharibika siku hizi likawa jina la rushwa, lakini asili yake ilikuwa ushuru uliotolewa mchana, mbele ya watu, kwa kupatana.)

Huo ndio ufundi wa mchezo wa simu: khasara hukatwa vipande vidogo hatta kila kipande kisionekane kuwa ni khasara. Walakini mtu mwenye insafu hataacha kuona ya kuwa watemi wa Ugogo wamedhulumiwa kwa kufananishwa hivi. Mtemi hakuuumba ukame. Nchi ilikuwa kavu kabla yake, visima vilichimbwa na watu wake, na maji yaliyonyweka na wapagazi mia tano yalikuwa maji ambayo ng'ombe wa Wagogo hawakuyapata. Alichokidai kilikuwa na badala yake. Ama mwenye mchezo, yeye ndiye aliyeitengeneza nyika, kisha akauza maji ndani yake. Huweka kusubiri saa nane pale ambapo hapana haja ya kusubiri, kisha huuza ruhusa ya kutosubiri. Huufanya mlango kuwa mzito ili auze ufunguo. Na tofauti nyingine ni kubwa zaidi: safari ya Unyanyembe ilikuwa na mwisho. Mfanyabiashara alifika, akanunua pembe, akarudi, akafanya hesabu yake. Mchezo huu umetungwa usiwe na Tabora.

Tena doti ilijulikana urefu wake, na kila mtu alijua bei yake pwani. Katika mchezo fedha haitumiki kwa jina lake. Kwanza hugeuzwa kuwa almasi, au sarafu za mchezo, kisha ndizo zinazotumika. Almasi huuzwa kwa mafungu ambayo aghalabu hayalingani na bei za vitu: kitu ni almasi 120, na fungu ni la 100, mtu hununua mafungu mawili, zikabaki 80 zisizonunua kitu cha maana, nazo hizo 80 humwita arudi. Mtoto aliyetumia almasi 120 hajui ametumia shilingi ngapi, na hatta baba yake akiulizwa ghafula hajui. Muuzaji katika soko la Majengo pale Dodoma lau angeficha bei ya zabibu zake namna hii, wanunuzi wangempigia kelele.

Asili ya biashara hii si ya zamani sana. Wakorea walikuwa wakitoa michezo bure na kuuza vitu ndani yake tangu miaka ya mwanzo ya 2000. Mwaka 2006 kampuni moja ya Marekani iliuza vazi la chuma la farasi wa picha kwa dola 2.50, na wachezaji wakacheka kwa dharau ya kuwa nani atanunua vazi la farasi asiyekuwapo. Walionunua walikuwa wengi. Baadaye zikaja simu zenye maduka ndani yake, na malipo ya M-Pesa, yaliyoanza Tanzania mwaka 2008, yakawazoeza watu kutoa fedha kwa kidole pasina kuziona zikitoka.

Lau mtu atasema: kununua picha ni kununua hewa, na mauzo ya kitu kisichokuwapo ni batili, basi mas'ala imekwisha. Jawabu ni kwamba haikwisha upesi hivyo. Ushanga nao ulikuwa nini? Haukuliwa wala haukumkinga mtu na baridi. Thamani yake ilikuwa katika macho ya watu, na wafanyabiashara wa pwani walijua vizuri ya kuwa ushanga unaotakwa katika nchi moja hautazamwi katika nchi ya pili, na aliyekosea rangi alirudi na mzigo wake. Kijana anayenunua nguo ya picha ili rafiki zake waione anafanya lile lililofanywa na binadamu siku zote. Ikiwa ni mtu mzima, na fedha ni yake, na hakuacha wajibu, na bei aliijua, basi linaloweza kusemwa ni kuwa ni israfu au si israfu kwa kadiri ya mali yake, kama isemwavyo juu ya kilemba cha thamani. Kumwambia ametenda haramu kwa sababu kitu hakishikiki mkononi ni kukaza pasipo dalili.

Lakini ushanga ulikuwa na jambo moja ambalo picha haina. Aliyeununua aliumiliki. Aliweza kuuza, kutoa zawadi, kumrithisha binti yake. Vitu vya mchezo havimilikiwi. Masharti ambayo hapana mtu anayeyasoma husema kuwa mnunuzi amepewa idhini tu ya kuvitumia, na mwenye mchezo aweza kuufunga siku atakayo. Tarehe 31 Machi 2024 kampuni ya Ufaransa Ubisoft iliuzima mchezo wa magari uitwao The Crew, uliotoka mwaka 2014, na hatta wale waliolipa bei kamili wakakuta mlango umefungwa. Mwaka huohuo dola ya California huko Marekani ilipitisha sheria ya kumtaka muuzaji wa vitu vya namna hii amwambie mnunuzi waziwazi kuwa anapewa idhini wala si milki. Basi kinachouzwa ni karibu na ijara kuliko bai, nayo ni ijara ambayo muda wake anaujua mkodishaji peke yake. Na ijara isiyo na muda unaojulikana, wanachuoni wamekwisha sema juu yake.

Ama sanduku lililofungwa, hapo ndipo palipo na uzito wa mas'ala. Mtoto hulipa, sanduku hufunguka kwa nuru na sauti, akatoka mchezaji hodari au akatoka asiyefaa kitu. Wanaolitetea husema: hii si kamari, kwa sababu katika kamari mmoja hupata na mwingine hukosa, na hapa kila mtu hupata kitu. Hoja hii ina sura ya haki, lakini kuna hadithi inayoijibu. Mtume, rehema na amani zimshukie, alikataza bai ya kijiwe na bai ya gharari. Katika bai ya kijiwe watu walitandaza nguo, mnunuzi akatupa kijiwe, nguo kilichoiangukia ndiyo yake kwa bei waliyoafikiana. Yule naye alipata kitu! Hakurudi nyumbani mikono mitupu. Alirudi na nguo. Wala hilo halikuihalalisha bai ile, kwani mtu alitoa mali yake kwa kitu asichokijua, na kijiwe ndicho kilichochagua.

Wasiokuwa Waislamu nao wamekaribia neno hili kwa njia yao. Wajapani mwaka 2012 walikataza namna moja ya masanduku haya, ile iliyomtaka mtu akusanye vipande vyote ndipo apate zawadi. Uchina tangu mwaka 2017 ikazilazimisha kampuni zitangaze katika kila sanduku uwezekano wa kila kitu kutoka. Ubelgiji mwaka 2018 ikahukumu kuwa masanduku ya michezo kadhaa ni kamari khasa. Uholanzi nayo ilitoza faini ya yuro milioni 10, lakini mwaka 2022 mahakama yao ya juu ikaiondoa, ikasema kufungua pakiti ni sehemu ya mchezo wa mpira wala si mchezo wa bahati uliosimama peke yake. Basi wenye sheria wamekhitalifiana, na hukumu ya mahakama ya Uholanzi yastahili kutazamwa, kwa kuwa imeuliza suala zuri: nini mchezo, na nini sehemu ya mchezo? Ila kwa mwenye kufuata hadithi ya kijiwe suala hilo halihitajiwi, kwani kasoro imo katika bai yenyewe, iwe ndani ya mchezo au nje yake.

Na nani mnunuzi? Siku hizi treni ya umeme iliyoanza kwenda Dodoma mwaka 2024 hutoka Dar es Salaam ikafika kwa saa chache, safari iliyokuwa ya majuma mengi kwa miguu. Mtoto aliyeketi dirishani na simu ya mama yake huivuka nchi kavu ya Mpwapwa pasina kuinua macho, na huenda njiani ametoa hongo mara tatu. Katika madhehebu ya Shafi, ambayo ndiyo ya watu wa pwani, bai ya mtoto asiyebaleghe haiswihi, hatta walii wake akimruhusu. Sheria ya Mikataba ya Tanzania, Sura ya 345, nayo haimtambui aliye chini ya miaka 18 kuwa mtu wa kufunga mkataba. Basi mizani mbili zimeafikiana ya kuwa mauzo haya kwa mtoto hayana msingi; na biashara yaendelea kana kwamba hapana mizani.

Wala haisemwi kuwa wauzaji hawajui. Mwaka 2014 kampuni ya Apple ilikubali kuwarudishia wazazi wa Marekani dola milioni 32.5 zisizopungua, kwa kuwa baba akitia neno lake la siri mara moja, mlango ulibaki wazi kwa dakika 15 na mtoto akanunua atakavyo. Mwaka 2022 wenye mchezo wa Fortnite walikubali kulipa dola milioni 245 za kurudishiwa wachezaji, kwa shutuma ya kupanga vitufe hatta mtu akanunua asichokikusudia. Watu wa kazi hii wana neno lao wenyewe. Wachezaji walio wengi hawalipi kitu. Sehemu kubwa ya mapato hutoka kwa wachache wasioweza kujizuia, nao huwaita nyangumi. Mvuvi wa Kilwa au wa Lamu anajua tofauti ya kutega dagaa na kuwinda nyangumi. Anayesema kuwa kila mtu hutoa kidogo tu, na huku anamvizia atoaye kikubwa, amesema uwongo kuhusu chombo chake.

Serikali ya Tanzania inayo Sheria ya Michezo ya Kubahatisha ya mwaka 2003, na Bodi yake, na mtoto amekatazwa. Sheria hiyo iliandikwa kabla ya simu kuwa na maduka, na macho yake yako juu ya kasino, bahati nasibu, na mashine kama hizi za dubwi zinazomeza sarafu za shilingi 200 vibandani. Mashine ya dubwi yaonekana. Mzee wa mtaa aweza kuipiga marufuku mlangoni pake. Sanduku la simu halina kibanda. Mwaka 2022 Bunge lililoketi Dodoma lilipitisha kodi ya asilimia 2 juu ya mapato ya kampuni za nje zinazouza huduma za mtandao nchini, na hiyo ni dalili ya kuwa fedha zimeonekana zikitoka. Kuzihesabu kumetangulia kuliko kuuliza zimetoka mfukoni mwa nani.

Yabaki suala la kijana mwenye simu ya miamala, awe Dodoma au Tanga, anayewanunulia wenzake almasi na kuchukua ujira kidogo. Ujira wa wakala kwa kazi halali ni halali. Mtu mzima akimwagiza kitu kinachojulikana kwa bei inayojulikana, basi yeye ni mjumbe tu. Akiagizwa na mtoto, au akajua kuwa almasi zote zaenda katika masanduku, yeye si mjumbe tena, ni mkono wa pili wa muuzaji. Wengi hujitetea kwa kusema, sikuuliza. Kuuliza miaka ya mtu hakuchukui muda mrefu kuliko kuandika namba yake ya simu, na namba hiyo huiuliza kila mara.